Kutoka Somanga hadi Lupaso, msimu wa korosho

Basi lilisimama Somanga inakaribia saa nne asubuhi. Mlango haujafunguka, akina dada wa samaki wameshafika madirishani, sinia kichwani: changu wa kukaanga, ngisi, pweza. Mmoja alinitajia changu wawili kwa elfu kumi. Nikasema sita. "Kaka yangu, mafuta yenyewe unajua bei yake?" Tukavutana, tukafika nane, naye akawa anasita. Hapo dereva akapiga honi, kondakta akagonga bodi, gari likaanza kujongea. Dada akakimbia sambamba na dirisha langu: "Haya, lete hiyo sita!"

Nilimpa nane, kisha nikakaa na wale samaki mapajani muda mrefu bila kula. Walikuwa samaki walewale wa dakika mbili zilizopita. Ila mimi nilikuwa ndani ya gari linaloondoka, naye alikuwa barabarani na sinia ambalo lazima liishe kabla jua halijaliharibu.

Nilikuwa naelekea Masasi kwa shughuli ya familia. Marehemu baba alituachia mikorosho, mjomba ndiye anayeitunza, na safari hii mama alitaka mtoto wake mmoja auone mnada kwa macho badala ya kungoja ujumbe wa simu kwamba fedha zimeingia. Kazi yangu Dar es Salaam ni kufasiri nyaraka. Mwaka 2016 niliwahi kupewa muhtasari wa mkataba wa biashara kati ya Jumuiya ya Afrika Mashariki na Umoja wa Ulaya niuweke katika Kiswahili, na tangu siku zile habari ya nchi tajiri na nchi maskini zinavyoketi meza moja haijanitoka kichwani.

Lindi tuliifikia mchana, jua limesimama. Kando ya mji huu kuna Likong'o, eneo lililotengwa kwa mtambo wa kuigeuza gesi ya bahari kuu iwe kimiminika. Mkataba wa awali na kampuni za kigeni, Equinor na Shell zikiwa mbele, ulisainiwa Juni 2022. Mzee niliyeketi naye kiti kimoja alionyesha kidole upande wa bahari, akasema wao wameambiwa wasubiri, na wanasubiri. Bunge letu lilipitisha mwaka 2017 sheria inayoruhusu mikataba ya maliasili yenye masharti kandamizi ipitiwe upya, na mimi naiunga mkono sheria ile kwa moyo wote. Lakini kampuni yenye visima katika nchi nyingi ikichoka na mazungumzo hufunga makabrasha yake ikaenda kuchimba kwingine. Gesi ya Lindi haina pa kwenda.

Mingoyo wengine walishuka kungoja magari ya Masasi. Mimi niliendelea hadi Mtwara, kwa kuwa nilitaka kwanza kuiona bandari.

Asubuhi nilisimama Shangani nikatazama mlango wa ghuba. Maji yake ni ya kina cha asili, mtu anaweza kudhani Mungu aliyachimba makusudi kwa meli. Waingereza waliliona hilo. Baada ya Vita vya Pili nchi yao ilikuwa na uhaba wa mafuta ya kula, na mwaka 1947 wakaanza mpango wa kulima karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea. Bandari hii ilijengwa kwa ajili ya karanga zile, na reli ikatandikwa kutoka hapa hadi Nachingwea. Mwaka 1951 mpango ulifutwa, pauni zipatazo milioni 36 zimeteketea, na reli nayo baadaye ikang'olewa. Uamuzi wa kulima ulitoka London, na uamuzi wa kuacha ulitoka London. Sasa kinachopita hapa kwa wingi ni korosho, karibu zote zikiwa ghafi, ndani ya maganda yake, zikielekea India na Vietnam zikabanguliwe huko.

Mikindani ni mwendo mfupi kwa bajaji. Nilipanda hadi kwenye boma la Wajerumani, lile jengo jeupe la 1895, nikakaa ngazini. Watalii huja kupiga picha kwa sababu ni zuri kweli. Mimi nilikuja kwa sababu ya mkataba. Aprili 1888 Sultani Khalifa wa Zanzibar alitia saini kuikodisha pwani hii kwa kampuni ya Kijerumani kwa miaka 50. Tukisema alikubali, tukumbuke kwamba miaka mitatu kabla yake manowari za Kijerumani zilikuwa zimetia nanga mbele ya Unguja, mizinga tayari, mpaka Barghash aliyemtangulia akanyamaza. Sultani alisaini akiwa na kumbukumbu hiyo. Watu wa Mikindani na Lindi hawakuulizwa. Walipoona wageni wamekuja kushika forodha, walinyanyuka, na mwezi Septemba watu wa kampuni wakakimbilia baharini. Wakarudi na jeshi. Mwaka 1890 Ujerumani ikamlipa Sultani marki milioni nne, pwani ikawa yake moja kwa moja. Karatasi zote zilikuwa na saini na mihuri. Kila nikisoma leo kwamba nchi fulani "imeridhia kwa hiari", huwa natafuta kwanza ilipo manowari.

Nilipanda gari la kupitia Nanyamba, Tandahimba na Newala. Ukishaanza kupanda uwanda wa Makonde, mikorosho inakufuata pande zote mbili, mingine ya zamani matawi yamelala chini, mabibo mekundu na ya manjano yametapakaa kwenye mchanga, na harufu ya mabibo yaliyoanza kuchacha inaingia hadi ndani ya gari. Newala tulipumzika kidogo. Nilikwenda Shimo la Mungu kutazama bonde linavyoporomoka kuelekea Ruvuma, nikarudi mbio gari lisiniache.

Mnada ulikuwa siku ya pili yake, kijijini nje ya Masasi mjini. Wakulima tuliketi kwenye viti vya plastiki na magogo nje ya ghala. Siku hizi bei za wanunuzi huingia kwa mtandao, zamani zilikuwa bahasha ndani ya sanduku, lakini jambo kubwa limebaki vilevile: bei inasomwa, na wakulima ndio wanaosema tumeuza au tumekataa. Ni haki nzuri sana, nilijivunia kuiona. Kabla ya kusomwa bei tulielezwa ubora wa mzigo. Huchukuliwa sampuli, korosho zikakatwa kwa kisu, ikapimwa gunia la kilo 80 litatoa pauni ngapi za korosho safi. Pauni! Mzee mmoja jirani yangu, aliyelima korosho maisha yake yote, aliniuliza kwa sauti ya chini pauni moja ni kiasi gani cha kilo. Anayenunua anakijua kipimo hicho kwa moyo, anaijua bei ya jana ya Ho Chi Minh kule Vietnam, na anajua shehena iliyopo njiani kutoka Afrika Magharibi. Anayeuza anaijua mvua.

Bei iliposomwa ilikuwa chini ya ile ya mnada uliotangulia. Miguno ikapita. Kijana mmoja akasimama: "Tukatae! Warudi na bei ya maana." Wakampigia makofi. Kisha akasimama mama mmoja wa makamo, amejifunga kanga mbili, hakupandisha sauti hata kidogo. "Kukataa najua. Mwaka 2018 tulikataa, si mnakumbuka? Serikali ikasema itanunua yenyewe kwa 3,300, wengine tulikaa miezi fedha hatujaziona. Mimi mwanangu anatakiwa shuleni Januari. Deni la dukani lipo. Hilo gunia likilowa, ndiyo basi. Nikatae, nile nini?" Hakuna aliyempigia makofi, na hakuna aliyembishia. Ilipoitwa kura, mikono ya kuuza ilikuwa mingi. Yule kijana pia aliunyoosha wake.

Jioni, nyumbani kwa mjomba, mkaza mjomba alikuwa uani akibangua korosho za matumizi ya nyumbani. Huzichoma kwanza kwenye karai lililotobolewa, moto unaruka, moshi wake mkali unawasha macho. Kisha hupaka vidole majivu, kwa sababu mafuta ya ganda hubabua ngozi, halafu anagonga moja moja kwa nyundo ndogo juu ya jiwe. Nilijaribu. Katika kumi, nane nilizivunja vipande. Vidole vyake vina mabaka meusi, vyangu vimeanza kuwasha ndani ya nusu saa. Hapo ndipo thamani yote inapozaliwa, kwenye huo mkono, na hapo ndipo tunapoambiwa tuiache isafiri.

Viwanda tulikuwa navyo. Miaka ya 1970 nchi ilikopa Benki ya Dunia ikajenga viwanda vya kubangua, mitambo ya Kiitaliano na ya Kijapani, Mtwara, Lindi, Newala, Masasi na kwingineko. Vinakamilika, korosho zenyewe hazipo: kutoka tani 145,000 za msimu wa 1973/74 tulianguka hadi chini ya tani 20,000 katikati ya miaka ya 1980. Watu walikuwa wamehamishiwa vijijini mbali na mikorosho yao, na ugonjwa wa ubwiri unga ukaimaliza mikorosho iliyobaki. Sitaki kumtupia mgeni kila lawama. Sehemu ya hasara hii tuliitengeneza wenyewe. Deni lilibaki, viwanda vingi vikauzwa, baadhi vikawa maghala.

"Sasa huo mkataba wako wa Ulaya," mjomba aliniuliza, "ulikuwa unatuhusu nini sisi?"

Nikamweleza nilivyouelewa nilipoufasiri. Jumuiya yetu ingefungulia bidhaa za Ulaya asilimia 82.6 ya soko, hatua kwa hatua hadi miaka 25. Sisi Tanzania, kwa kuwa tumo kwenye orodha ya nchi zenye maendeleo duni kabisa, tayari tulikuwa tunaingiza kwao kila kitu isipokuwa silaha bila ushuru. Ina maana tungelipa kwa mlango ambao kwetu ulikuwa wazi. Na kulikuwa na kifungu kilichonifanya niweke kalamu chini: kodi mpya kwenye mauzo ya nje zingebanwa, isipokuwa kwa sababu chache na kwa muda maalumu. Sisi hapa tunatoza korosho ghafi inayotoka nje asilimia 15 au dola 160 kwa tani, ipi kubwa, na shabaha mojawapo ya ushuru wa namna hii ni kumpa mbanguaji wa ndani nafasi ya kupumua. Ukiufungia kamba mkono unaotoza kodi hizo, umeifungia kesho ya viwanda.

"Na Wakenya? Mbona walisaini?"

Kenya haimo kwenye orodha ile. Mazungumzo yalipopita tarehe ya mwisho, tarehe 1 Oktoba 2014 maua ya Kenya yakaanza kutozwa ushuru Ulaya. Maua, mjomba. Ua la waridi haliwekwi ghalani likasubiri mnada mwingine. Haikufika hata mwisho wa mwezi uleule, wajumbe wa jumuiya nzima wakawa wamekamilisha mazungumzo ambayo yalikuwa yamekokotwa kwa miaka. Septemba 2016 Kenya na Rwanda zikasaini. Novemba Bunge letu likashauri Tanzania isisaini. Kenya ikaenda peke yake, mkataba wake na Ulaya ukaanza kutumika tarehe 1 Julai 2024. Siwezi kumlaumu Mkenya. Nilimwona pale mnadani, amejifunga kanga mbili.

Mjomba alikaa kimya, nyundo ya mkewe ikiendelea kugonga. "Kwa hiyo sisi hatukuwa majasiri kuliko wao," alisema. "Sisi tulikuwa na pa kurudi."

Niliyatafakari maneno hayo usiku kucha, na sijapata bora zaidi ya hayo katika nyaraka zote nilizowahi kufasiri.

Asubuhi alinipeleka Lupaso kwa pikipiki, kulipo kaburi la Benjamin Mkapa, aliyezikwa kijijini kwao Julai 2020. Vumbi jekundu, mikorosho, nyumba za tofali. Mkapa aliongoza nchi miaka kumi ambayo mashirika ya umma yaliuzwa kwa wingi, na mjomba hakusita kulisema hilo tukiwa tumesimama palepale, kofia mkononi. Lakini mzee huyuhuyu, baada ya kustaafu, aliongoza bodi ya Kituo cha Kusini kule Geneva, taasisi ambayo mwenyekiti wake wa kwanza alikuwa Mwalimu Nyerere na kazi yake ni kuzisaidia nchi zetu zisiingie kwenye mazungumzo mikono mitupu. Mwaka 2016 aliandika magazetini, kwa hoja na takwimu, akitahadharisha kwamba mkataba ule ungeviua viwanda vyetu vikiwa vichanga. Nilizisoma makala zake juu ya dawati moja na ule muhtasari. Nadhani aliijua gharama kwa kuwa alishaketi upande unaosaini. Niliomba dua, mjomba akafanya ishara ya msalaba.

Njiani kurudi Masasi kupanda basi, alipunguza mwendo akageuza shingo.

"Magunia mawili sikuyapeleka mnadani," alisema. "Yako ndani, makavu. Mwaka huu nimeuza mbuzi mapema, ada ya watoto ninayo. Ukifika Dar, nitafutie bei ya huko zinakobanguliwa, uigeuze kwa kilo na kwa shilingi, unitumie kila wiki kabla ya mnada. Na yule mama wa jana nitakupa namba yake, umtumie na yeye."

Nilitoa simu, nikaiandika namba pikipiki ikiwa inatembea.