Nchi yangu ya barafu imekwama kwenye kanuni ya tatu

Kuna hadithi naandika toka mwaka jana, naandika naacha, naandika naacha, inahusu nchi ya barafu ambayo haipo kwenye ramani yoyote, nimeiita Zizimani. Sio ile ya malkia na majumba ya vioo, hizo zimeshajaa. Mi nataka nchi ambayo muda na kumbukumbu haviendi kama huku kwetu ila viwe na sheria, maana hadithi isiyo na sheria unachoka nayo mapema, kila kitu kinawezekana kwahiyo hakuna kinachouma.

Kanuni ya kwanza: Zizimani hakuna jana, kuna chini. Ukitaka kujua babu yako aligombana na nani unachukua sururu unachimba. Hii nimeichukua kwenye barafu ya kweli kabisa ya Antaktika, sehemu inaitwa Dome C, theluji inadondoka kidogo sana kwa mwaka, ya mwaka huu inailalia ya mwaka jana, inaikandamiza mpaka inakuwa barafu, yamepangana kama vitenge kabatini, cha chini ndo cha zamani. Wataalamu wametoboa hapo zaidi ya kilomita 3 wakatoa barafu yenye historia ya miaka 800,000, afu Januari 2025 timu ya Ulaya wakatangaza wamefikia barafu ya miaka isiyopungua milioni 1.2, na ndani yake kuna vipovu vya hewa ya enzi hizo, hewa yenyewe yaani, sio picha yake.

Sasa kilichonivuruga ni hiki: hewa ya kwenye kipovu ni changa kuliko barafu inayokizunguka. Nilisoma mara mbili nikidhani wamekosea. Kumbe theluji ya juu ina matundu, hewa inaingia na kutoka inavyotaka, mpaka ile theluji izikwe makumi ya mita huko chini ndo matundu yanajifunga, na sehemu zenye theluji haba hiyo shughuli inachukua maelfu ya miaka. Kwahiyo kipande kimoja mkononi kina umri mbili! Hapo hapo nikampata Mzee Kisima, mlinzi wa mashimo, ambaye pumzi yake ni changa kuliko mwili wake. Sura ya mzee, lakini akiongea unasikia kijana wa juzi, na mambo anayoyasema yeye mwenyewe hayaelewi.

Kanuni ya pili ni saa, na hapa Mswahili anafaidi kuliko mtu mwingine yeyote. Pale ncha ya kusini ya dunia mistari yote ya longitudo inakutana, kwahiyo kuuliza saa ngapi ni kama utani tu, wale wa kituo cha utafiti cha Wamarekani kilichopo hapo, Amundsen-Scott, wanatumia saa za New Zealand kwa sababu ndege na mizigo yao inapitia huko. Jua linachomoza mara moja kwa mwaka, Septemba, linazama Machi. Haya, sisi si tunahesabu saa kuanzia jua linapotoka? Miezi sita ya mwanga ugawe kwa saa kumi na mbili, saa moja inakuja kama siku 15. Saa sita mchana inaangukia karibu na Krismasi huko. Mtu akikwambia Zizimani tuonane saa nne akachelewa nusu saa, amechelewa wiki nzima, na bado atakuja na lile neno letu, nipo njiani.

Kanuni ya tatu ndo iliyonikwamisha: barafu inakumbuka, watu wanasahau. Sikuitoa hewani. Mwaka 2019 ulitoka utafiti wa watu 9 waliokaa miezi 14 Antaktika kwenye kituo cha Wajerumani cha Neumayer III, walivyopimwa ubongo ikaonekana sehemu ya hipokampasi, inayohusika na kumbukumbu, imesinyaa, na watafiti wanashuku ni ule upweke na kuangalia weupe ule ule kila siku. Basi Zizimani nikaifanya biashara kabisa, kila baridi ikiingia barafu inachukua kitu kwa kila mwenyeji, huyu jina la mwanae, yule sura ya mama yake, hakipotei, kinashuka chini, siku ukikihitaji sururu hiyo hapo.

Shida: ikiyeyuka je? Na siwezi kukwepa hilo swali wakati nimekulia chini ya Kilimanjaro. Mwaka 2000 timu ya Lonnie Thompson, mtafiti wa barafu wa Marekani, ilitoboa barafu ya kule juu sehemu sita, vipande vikapelekwa kwenye friza za chuo kikuu cha Ohio State, na wao wenyewe walikuja kupima wakasema asilimia 85 ya barafu iliyokuwepo 1912 ilikuwa imeshaondoka kufikia 2007. Yaani sehemu ya kumbukumbu ya mlima wetu inatunzwa Marekani na iliyobaki inaisha. Roho inauma bana, ila pia nawashukuru, maana wasingeitoboa tungebaki na nini.

Nilitaka Zizimani ikiyeyuka kila kitu kipotee, mwisho wa huzuni, watu walie. Mdogo wangu akakataa, akasema kaka maji yanaenda mahali, watu watayanywa. Kanimaliza. Sasa kumbukumbu zinarudi ila haziangalii mwenyewe ni nani, ukinywa umepata ya yeyote, na nusu ya kijiji kinajua siri za nusu nyingine, na hakuna baraza litakaloweza kuamua kesi hizo.

Sura ya mtoni nimeshaianza. Mwanaidi, ana miaka tisa, kanywa kata moja tu ya maji asubuhi, sa hivi yuko mlangoni kwa jirani kashika kiuno anadai ng'ombe wawili waliokopwa kabla bibi yake hajazaliwa, na jirani, ambaye nae kashakunywa, anajua kweli anadaiwa.