Kurasa 28 zisizo na jina

Mwishoni mwa 2023 prodyuza mmoja aliniita ofisini, akanisukumia skripti ya kurasa 28. Kipindi cha nusu saa, nikajua, maana kwenye kazi yetu ya kuandika skripti ukurasa mmoja huhesabiwa dakika moja hivi. Jalada lilikuwa na jina la tamthilia na namba ya sehemu. Pale penye "Imeandikwa na" palikuwa patupu.

"Ya nani hii?"

"Ya kompyuta." Akacheka. "Kaka, wewe ipige msasa tu. Siku mbili, tatu."

Mabadiliko nilishayazoea. Nilianza enzi ambazo ilibidi umwache mtu kashika kitasa cha mlango kabla tangazo halijaingia, mtazamaji asije akahamia chaneli nyingine. Zikaja huduma za kutazama tamthilia kwa intaneti, bila matangazo ya kukatiza, misimu ya sehemu 22 ikawa ya 8, kitasa changu kikakosa kazi. Sikulalamika. (Nililalamika, ila nyumbani.)

Nikaisoma palepale. Haikuwa mbaya, na hilo ndilo lililoniudhi. Ukurasa wa 11 mama anagundua kuwa mwanawe amemwibia. "Nimeumia sana kwa sababu nilikuamini." Kijana anajibu: "Naelewa maumivu yako, mama. Naomba unisamehe." Basi, yamekwisha! Nani aliwahi kugombana na mama yake hivyo? Nikatoa kalamu, nikafuta yote mawili, nikaandika pembeni: Mama anazihesabu tena noti zilizobaki. Bila kuinua macho, anamwuliza kama amekula.

"Umeona?" prodyuza akasema. "Dakika tano tu, imepona."

Hapo hesabu yake ikanikaa sawa. Kupiga msasa hulipwa pungufu ya kuandika, na jina ni la aliyeandika. Septemba ile waandishi wa Marekani walikuwa wametoka kwenye mgomo wa siku 148, wakapata mkataba unaosema akili mnemba haihesabiwi kuwa mwandishi. Mimi haukunihusu, sikuwa mwanachama wao. Nilikuwa nimeusoma kama mtu anavyosoma barua ya jirani.

"Nitaiandika upya toka ukurasa wa kwanza," nikamwambia, "kwa malipo ya skripti nzima."

Akatazama dari. Bajeti hiyo haipo, akasema, atanipigia. Nikamrudishia kurasa zake, nikaaga.

Nilikuwa nusu ya ngazi nilipokumbuka kwamba ukurasa wa 11 umebaki mezani kwake na mwandiko wangu.