Weupe Unaodanganya

Picha nilizokuwa nikizihariri leo ni nzuri mno, na uzuri wake ndio unaonitesa. Matumbawe meupe pepepe, samaki wadogo wakipita juu yake, miale ya jua ikicheza. Asiyejua atatamani kuitundika ukutani. Nilichokipiga ni kiumbe mwenye njaa.

Ndani ya mwili wa tumbawe huishi mwani mdogo mno, usioonekana kwa macho. Ndio unaolitia tumbawe rangi, na sehemu kubwa ya chakula cha tumbawe hutoka kwa mwani huo. Maji yakizidi kilele cha kawaida cha msimu wa joto kwa nyuzi 1 tu ya Selsiasi, na hali hiyo ikadumu wiki kadhaa, tumbawe huutoa mwani huo. Hubaki nyama angavu, mifupa ya chokaa ikionekana kwa ndani. Halijafa bado. Joto likishuka mapema, laweza kupona. Likiendelea, hufa, na mwani wa aina nyingine hulifunika. Mwaka 1998 kupauka huku kwa matumbawe kulienea duniani kote kwa mara ya kwanza. Aprili 2024 wanasayansi walitangaza tukio la nne.

Kamera huupenda weupe ule. Chini ya maji rangi nyekundu ndiyo hutangulia kupotea. Ukifika mita 10 karibu kila kitu ni buluu na kijani, mpaka uwashe taa. Tumbawe lililopauka hung'aa hata bila taa. Miezi michache baadaye, likiwa limevaa utando wa kahawia, hakuna anayetaka kulitazama, na mara nyingi nimeombwa niikate sehemu hiyo. Sasa siikati tena.

Ndiyo maana siiamini tena picha moja. Narudi palepale, pembe ileile, umbali uleule, msimu baada ya msimu. Ni kazi ngumu kweli: mkondo unakusukuma, pumzi moja nene inakuinua na fremu imekwenda, pezi likigusa mchanga vumbi linajaa mbele ya taa, na hewa kwenye mtungi inazidi kupungua.

Lakini kurudi huko huonyesha uhai pia. Cabo Pulmo, Meksiko, palifanywa hifadhi mwaka 1995, na wakazi wenyewe wakasimama kidete kuhakikisha hakuna anayevua. Kati ya 1999 na 2009 uzito wa samaki wote waliopimwa pale uliongezeka kwa asilimia 463. Nataka watazamaji wauone uhai huu pia, maana anayeonyeshwa vifo tu hukata tamaa.

Hata hivyo, hakuna mpaka wa hifadhi unaozuia joto. Joto hilo linatokana na makaa ya mawe, mafuta na gesi tunavyochoma nchi kavu, na popote ninapoalikwa kuonyesha mandhari ya baharini nitalisema hilo kabla taa za ukumbi hazijazimwa.