Moja iliyosomwa saba

Nauza malai za barafu hapa Wete, Pemba. Mwenye friza la biashara hununua umeme kidogo kidogo, leo elfu tano, keshokutwa elfu kumi, ndiyo maana niliona mapema kwamba kuna jambo. Siku hiyo nilinunua wa elfu kumi, risiti ikaja na mstari nisioujua: deni. Nusu ya pesa yangu imekatwa. Usiku uniti zikaisha, asubuhi malai zote maji ya ukwaju.

Mita yangu ya zamani, ile ya kutumia kwanza ukalipa baadaye, ilikuwa imeng'olewa miezi mitatu nyuma nikafungiwa ya TUKUZA, ya kununua umeme kwanza. Bili ya mwisho niliilipa, na risiti ninayo kwenye mkebe wa biskuti.

Nikaenda shirika la umeme, ZECO. Dirishani kijana akatazama kompyuta. "Mama, unadaiwa laki na sitini kasoro kidogo. Acha ikatwe, kisha utalalamika." Nikapandisha sauti. Foleni nyuma ikaanza kuguna, nikatoka na hasira zangu na deni langu.

Kaka yangu aliyeko Dar akanambia nipeleke kesi EWURA, mdhibiti wa nishati na maji wa Bara. Wengi hukosea hapo, na siwalaumu, maana umeme wenyewe tunaupata Bara. Sisi tuliokulia na majenereta ya Wesha tunaikumbuka 2010, waya wa baharini ulipofika kutoka Tanga. Lakini malalamiko hayavuki bahari kama umeme. Umeme si jambo la Muungano, na Zanzibar mdhibiti ni ZURA, Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Maji na Nishati, iliyoanzishwa kwa Sheria namba 7 ya mwaka 2013. Haya alinieleza mpwa wangu anayesomea sheria, akaongeza kwamba nisikimbilie huko kabla sijalalamika kwa maandishi kwa anayenidai. ZURA watataka kujua shirika lilinijibu nini. Mahakama ije mwisho kabisa.

Barua niliiandika kwa mkono, ukurasa mmoja. Sikuandika kwamba nimeonewa, ingawa nilitamani. Niliweka namba ya mita ya zamani na ya sasa, tarehe ya kung'olewa na namba ya risiti ya mwisho, kisha nikaomba mambo matatu: mchanganuo wa deni, nione fomu ya kung'olea mita, na makato yasimame mpaka tumalizane. Chini kabisa, kwa ushauri wa mpwa wangu: "Nakala: ZURA."

Kuipeleka ilikuwa rahisi, kugongewa muhuri ndiyo kazi. Nilikwenda na nakala mbili. Mpokeaji akachukua moja, "Iache tu, itafika." Nikamwambia, "Mwanangu, mimi sina haraka, malai yenyewe yameshayeyuka." Nikakaa kwenye benchi na kanga yangu mapajani. Ilipokaribia adhuhuri akagonga muhuri wa kupokelewa na tarehe kwenye nakala yangu, bila kuniangalia.

Siku ya tisa nikapigiwa simu. Mkuu wao, mtu mpole kusema kweli, alikuwa na fomu mezani. Usomaji wa mwisho kwenye kompyuta ni 31746. Akanigeuzia karatasi. Fundi aliyeing'oa mita anaandika moja yake na kikofia juu, imeinama kidogo. Ukiwa na haraka unaiona saba. Moja ile ilinigharimu uniti mia sita.

Nikatoa simu. Mwanangu wa skuli alimpiga picha fundi siku ile akiwa juu ya ngazi, kwa kuwa tu mtoto akipewa simu hupiga picha kila kitu. Katika moja, mita imeshashushwa iko juu ya baraza, namba zinasomeka: 31146. Na tarehe ipo. Mkuu akaikuza kwa vidole, akaikuza tena, akamwita kijana wa dirishani aje aone na yeye.

Deni likafutwa, pesa zilizokatwa nikarudishiwa kwa uniti. Sikuondoka mpaka nilipopewa barua yenye muhuri kwamba mita ile haidaiwi kitu. Kompyuta zikibadilishwa mwaka kesho nani atanikumbuka? Imo mkebeni pamoja na nyingine. Ile nakala ya ZURA haikuhitaji kusafiri.

Malai zilizoyeyuka sikuziandika kwenye barua, na hakuna aliyeniuliza habari zake.