Ninavyosafisha jicho la mbwa aliyetoka kwenye upasuaji

Tongotongo lililokaukia kwenye jicho lenye mshono halibanduliwi kwa kucha wala halisuguliwi. Hulowekwa mpaka liachie lenyewe, na mwenye haraka ndiye anayefumua nyuzi.

Natumia maji tasa (yasiyo na vijidudu) ya chumvi ya asilimia 0.9, yale yanayofungwa kiwandani kama dawa. Chupa naiweka kwanza kwenye bakuli la maji ya uvuguvugu, maana ya baridi humfanya mbwa akaze kope. Chumvi ya kujikorogea jikoni siitumii: maji hayo si tasa, na chumvi ikizidi jicho linawaka. Maji ya kusafishia lenzi za macho ni mabaya zaidi, kwani mengine yana peroksidi, kemikali inayounguza jicho. Pamba nayo huacha nyuzinyuzi kwenye mshono, kwa hiyo nachukua shashi tasa, kitambaa chepesi cha kufungia vidonda.

Baada ya kunawa mikono, namkalisha mbwa makalio yakiwa kwenye pembe ya ukuta ili asirudi nyuma. Namshika chini ya taya, kamwe si shingoni. Kumkaba shingo huongeza presha ndani ya jicho, na konea, yaani utando angavu wa mbele ya jicho, ikiwa na kidonda chenye kina inaweza kupasuka. Ndiyo maana hata akitoka nje namvalisha mkanda wa kifuani.

Shashi iliyolowa nailaza juu ya ukoko dakika mbili au tatu, bila kukandamiza. Kisha nafuta mara moja kutoka kona ya puani kwenda nje, naitupa, nachukua nyingine. Jicho lisilo na shida ndilo linalotangulia, kwa shashi yake. Mshono wenyewe naugusagusa tu. Mwisho nakausha manyoya ya chini ya jicho, kwani ngozi ikishinda imelowa huchubuka.

Dawa hufuata usafi, si kinyume chake. Matone hutangulia, ya kupaka huja mwisho, na kati yake naacha angalau dakika 5 ili ya pili isiisombe ya kwanza. Ncha ya chupa isiguse jicho. Matone yaliyobaki ya zamani yasitumike kabisa: yakiwa na steroidi (dawa ya kutuliza uvimbe), kidonda cha konea kinaweza kuchimbika.

Koni ya shingoni, ile kola pana inayomzuia kujikuna jicho, hurudi kabla sijamwachia, kwani jicho lililotoka kuguswa humwasha na mguu uko karibu. Ndani ya koni napafuta pia, uchafu hukusanyika pale chini.

Ute wa pinki kidogo siku za mwanzo si wa kuogopesha. Hata aliyeondolewa jicho anaweza kudondosha damu kidogo puani upande uleule, kwa sababu mfereji wa machozi unafungukia huko. Usaha wa njano au kijani, konea kugeuka ya buluu, uvimbe unaoongezeka, au jicho linalofumbwa kuliko jana, hayo ni ya kumwona daktari wa mifugo siku hiyohiyo. Na kidonda cha konea chenye kina kikimwaga maji mengi ghafla, sisafishi chochote. Huenda konea imetoboka, namkimbiza kwa daktari koni ikiwa shingoni.