Riwaya ya Mary Ann Cotton: nilipofikia mpaka sasa

Masika

Mswada umefika sura ya nne, na kuna uamuzi ambao wenzangu wa kikundi chetu cha kusomeana hapa Moshi bado wananipinga: hadithi inabaki Durham, kaskazini mwa Uingereza, ilikotokea. Siihamishii Kibosho wala Pasua.

Kwa asiyeujua mradi wenyewe: naandika riwaya ya Kiswahili inayotokana na maisha ya Mary Ann Cotton, mwanamke aliyezaliwa mwaka 1832 katika kijiji cha Low Moorsley na kunyongwa gerezani Durham tarehe 24 Machi 1873. Aliolewa mara nne, na ndoa ya nne alifunga huku mume wa tatu yuko hai na hawajaachana kisheria. Waume watatu walikufa mikononi mwake. Mama yake mzazi alikufa, mpenzi wake Joseph Nattrass akafa, na watoto, wa kuzaa na wa kambo, wakaondoka mmoja baada ya mwingine, wengi wao kwa homa ya tumbo, kama vyeti vilivyoandika. Mahakama ilimtia hatiani kwa kifo kimoja: cha mtoto wa kambo, Charles Edward Cotton, miaka 7, aliyefariki Julai 1872 katika kijiji cha West Auckland. Sumu ilikuwa aseniki.

Wanaotaka niilete huku hoja yao ni nzito. Wanasema msomaji wa Majengo atajiona ndani yake haraka zaidi kuliko akipelekwa kwenye baridi ya wachimba makaa. Nilipokaa kuipanga hivyo, ikakwama msibani. Kwetu mtu akifa anarudishwa kihambani, kwenye shamba la ukoo. Ukoo unajaa, wajomba wanauliza alianza kuumwa lini, nani alikuwa anampikia, hospitali walisema nini. Mwaka hauishi kabla mtu hajahesabu misiba ya nyumba ile kwa sauti. Mary Ann alikuwa mtu wa kuhama. Newcastle, Sunderland, West Auckland: kila mahali aliacha makaburi yake, na majirani wapya hawakujua lolote kuhusu majirani wa zamani. Ukiitoa hadithi kwenye huko kuhamahama, inakufa.

Sababu yangu ya pili sikuisema kikundini siku ile, naiandika hapa. Tumeishi tukisikia habari za vikongwe wa Shinyanga na Mwanza waliokatwa mapanga kwa sababu jirani kafiwa na wao macho yao ni mekundu, macho yaliyobadilika kwa miaka ya kupikia kuni. Nikimweka mjane wa Kitanzania katikati ya riwaya, aliyezika watoto mfululizo, na mwisho wa kitabu ikawa kweli ni yeye, nitakuwa nimewapa watu wale wale sababu nyingine ya kunyoosha kidole. Mary Ann hakutiwa hatiani kwa sababu watu walinong'ona. Walinong'ona, ndiyo, lakini kilichomfikisha kizimbani ni vipimo. Hicho ndicho ninachotaka msomaji akishike, na kinashikika vizuri zaidi pale kilipotokea.

Bado masika, barabara za Rau hazipitiki

Sura ya pili nimeiandika upya yote, na sasa naipenda.

Baba yake, Michael Robson, alikuwa mchimba makaa. Mwaka 1842 alitumbukia kwenye shimo la mgodi wa Murton akafa. Inasimuliwa kwamba mwili uliletwa nyumbani ndani ya gunia lililopigwa chapa kuwa ni mali ya kampuni ya makaa ya South Hetton. Binti alikuwa na umri wa miaka 9.

Mgodi sijawahi kuingia, kwa hiyo nilimtafuta kaka mmoja aliyekuwa mwanaapolo, mchimbaji wa tanzanite, Mererani kabla hajafungua kibanda cha kuuza vipuri vya pikipiki karibu na Memorial. Alikuwepo enzi za mafuriko ya Machi 2008 yaliyoua makumi ya wachimbaji. Nilidhani atanieleza giza na joto la chini. Akanieleza walio juu. Mtu akianguka, alisema, wa juu hawasikii kelele. Wanachoona ni kamba kulegea, na kuna dakika ambayo kila mmoja anasubiri mwenzake aseme. Halafu kazi ya kwanza ni kugombania nani aende kwa familia, kwa sababu hakuna anayetaka.

Nikamsomea sehemu ya gunia. Akanyamaza, akafuta mikono kwa kitambaa chenye grisi, akasema: "Kampuni ilikuwa inaandika gunia. Mama wa mtoto amesoma mwili."

Nilimwomba ruhusa ya kuitumia, akakubali. Imeingia ilivyo, kinywani mwa mchimbaji anayeleta maiti mlangoni. Sitaki msomaji aone kwamba gunia lile ndilo lililomfanya muuaji. Maelfu ya mabinti wa wachimba makaa walipoteza baba zao na hawakumdhuru mtu. Nimeliweka kwa sababu nyumba waliyoishi ilikuwa ya kampuni, iliyokwenda na kazi ya baba, na kwa sababu kuanzia pale mtoto yule anajua kwamba mtu akifa, swali linalofuata ni pesa.

Juni, baridi

Hatimaye nimempata msimulizi. Nilikuwa naandika kwa jicho linaloona kila kitu, na kila nilipoingia kichwani mwa Mary Ann maneno yalikuwa ya uongo. Alikana mpaka mwisho. Sina haki ya kumtungia ungamo ambalo hakulitoa.

Anayesimulia sasa ni Mary Ann Dodds, jirani aliyekuwa akimsaidia kazi za nyumbani. Huyu yumo kwenye kumbukumbu za kesi. Alieleza mahakamani kwamba alitumwa dukani kununua aseniki iliyochanganywa na sabuni laini kwa ajili ya kunguni, na kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyeisugua kwenye kitanda. Sheria ya mwaka 1851 ilimtaka muuzaji wa aseniki aandike daftarini jina la mnunuzi na anachokwenda kuifanyia, na kiasi kidogo kilitakiwa kitiwe masizi au nili ili kisifanane na unga au sukari. Dawa ya kunguni ilikuwa sababu ambayo hakuna mwenye duka angeishangaa.

Fikiria uko katika nafasi yake. Umemfanyia jirani hisani ya kawaida kabisa, kisha miezi kadhaa baadaye unasimama mbele ya mahakama kueleza mikono yako ilishika nini. Riwaya nzima imo humo.

Ili niandike kazi yenyewe ya kusugua, nilimwomba shangazi yangu wa Kiborloni anionyeshe walivyopambana na kunguni zamani. Kitanda cha mbao kinatolewa nje juani, godoro linapigwa fimbo. Mafuta ya taa yanatiwa kwenye kopo, unyoya wa kuku unachovywa, na unapitishwa kwenye kila kiungo, taratibu, hasa pale mguu unapopokea ubao wa pembeni, kwa sababu ndipo wanapotaga. Ukiona doa jeusi dogo kama nukta ya wino, rudia. Shangazi alikuwa anaongea habari za mazao huku mkono ukienda wenyewe. Hivyo ndivyo Dodds anavyofanya sasa kwenye sura ya tano: anaongea habari za bei ya viazi, na mtoto Charles Edward amekaa kwenye kizingiti anamwangalia.

Julai

Sura ya bima. Ngumu, nimeiandika kwa kuikatakata.

Msomaji wetu anajua rambirambi. Anajua chama cha kufa na kuzikana: daftari, mweka hazina, jina lako likisomwa mbele ya watu wote na ulichotoa. Pesa ya msiba kwetu inapita mikononi mwa watu wanaokujua. Uingereza ya wakati ule maskini alilipa senti zake kila wiki kwa kampuni, wakala akipita mlango kwa mlango, ili siku ya kufa asizikwe kwa gharama ya parokia, jambo lililokuwa aibu kubwa. Hapakuwa na ubaya ndani yake. Ilikuwa heshima pekee ambayo familia ya mchimba makaa ingeweza kujinunulia. Ila mlipaji alikaa nyuma ya meza, na alichohitaji kuona ni cheti.

William Mowbray, mume wa kwanza, alipokufa Januari 1865, mjane alilipwa pauni 35, karibu mshahara wa nusu mwaka wa kibarua. James Robinson, mume wa tatu, alianza kushtuka mkewe alipomsukuma sana akate bima ya maisha. Akagundua na madeni pia, akamfukuza. Huyo ndiye mume pekee aliyebaki hai. Sura yake ni fupi na nimeiacha hivyo makusudi: mtu aliyeuliza swali la pesa mapema, basi.

Agosti

Nimekwenda kwa nesi mstaafu, jirani yetu mtaani Soweto hapa Moshi, na sura ya saba mkononi. Kilichokuwa kinanisumbua: madaktari walikuwaje wakaandika homa ya tumbo mara zote hizo?

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Umeniletea tena habari za yule muuaji wako?"

Alisoma kurasa zote bila kuinua kichwa. Kisha akaniambia nimewaonea madaktari. Mtoto anaharisha, anatapika, anashikwa na maumivu ya tumbo, macho yanazama, anakata roho. "Sisi tuna dripu, tuna maabara, na bado tunawapoteza. Wao walikuwa na nini? Na mama mwenyewe kakaa pembeni anampangusa jasho, amewahi kufanya kazi hospitali, anajibu kila swali vizuri. Ungemshuku?" Ni kweli: alifanya kazi katika hospitali ya Sunderland, na mume wake wa pili, George Ward, alikuwa mgonjwa wa pale pale. Enzi zile katika Uingereza, kati ya watoto 1,000 waliozaliwa, takriban 150 hawakufikisha mwaka. Nimemwondoa daktari mlevi niliyekuwa nimemtunga. Yupo daktari mchovu.

Halafu William Byers Kilburn, daktari wa West Auckland, anapata nafasi anayostahili. Kabla ya kifo cha mtoto, Mary Ann alikuwa amemwambia Thomas Riley, ofisa wa parokia aliyeshughulikia maskini, kwamba mtoto yule hatamsumbua muda mrefu, atakwenda kama akina Cotton wengine. Siku chache baadaye Riley akasikia mtoto amekufa, akaenda polisi na kwa daktari. Baraza la uchunguzi likaamua ni kifo cha kawaida. Ingeishia hapo. Lakini Kilburn alikuwa amehifadhi sampuli za tumbo, na akarudi kuzipima: kipande cha shaba kinachemshwa pamoja na sampuli kwenye asidi, na kama aseniki imo, shaba inavaa utando wa kijivu unaokaribia weusi. Ikavaa. Mkemia Thomas Scattergood wa Leeds akathibitisha, makaburi yakafukuliwa.

Sehemu hii nimeipa kurasa nyingi kuliko kifo chochote kitabuni. Mtu anakaa usiku anaangalia shaba ikibadilika rangi, anaelewa kwamba huenda yeye mwenyewe ndiye aliyesaini vyeti vingine.

Septemba

Watu wanaponiuliza kuhusu kitabu huuliza idadi. Aliua wangapi? Hutajwa 21. Uamuzi wangu ni kwamba namba hiyo haitatokea kwenye jalada wala ndani. Wengine kati ya hao huenda walikufa kwa maradhi kama watoto wengine wa mitaa ile, na maiti zao hazikupimwa. Badala ya hesabu, kila aliyekufa kitabuni ana kitu kimoja chake: Nattrass ana kofia, mama mzazi ana mashuka anayoyakunja. Wahariri wawili wa kikundi wanaona hii inapunguza kasi. Inapunguza, na naiacha.

Kunyongwa pia sikuandiki. Kitanzi kilikuwa kifupi na hakufa haraka, hilo linatosha kutajwa kwa sentensi moja. Kinachokaa ni Januari 1873, gerezani, alipojifungua binti, Margaret. Kesi ilisubiri uzazi. Dodds anasikia habari hizo kisimani.

Sasa naingia sura ya mahakama. Wakili wa utetezi alidai mtoto alivuta aseniki iliyotoka kwenye rangi ya kijani ya karatasi za ukutani, dai ambalo halikuwa la kipuuzi kwa sababu rangi za namna hiyo kweli zilikuwa na sumu. Mwendesha mashtaka alikuwa Charles Russell, ambaye baadaye alikuja kuwa Jaji Mkuu wa Uingereza. Kati ya wasomi hao wawili anasimama mwanamke aliyezoea ndoo na brashi. Sijui mwili unafanya nini pale, sauti inatokea wapi, unamtazama nani. Namtafuta mtu aliyewahi kutoa ushahidi mahakamani dhidi ya jirani yake, kwa kesi yoyote ile, hata ya mpaka wa shamba. Kama uko Moshi, Arusha au njiani kati yake, niandikie. Nitakufuata ulipo, na jina lako halitaonekana popote.