Upepeo wa Danjūrō uliochukuliwa na upepo

Novemba 1899, nyuma ya Kabuki-za, ukumbi wa kabuki (tamthilia ya jadi ya Kijapani) mjini Tokyo, Shibata Tsunekichi aliwapiga filamu waigizaji Ichikawa Danjūrō wa 9 na Onoe Kikugorō wa 5 wakicheza Momijigari, mchezo wa kabuki wenye ngoma. Ilibidi wachezee nje, maana kamera za enzi hizo zilitaka jua. Upepo ulivuma, ukampokonya Danjūrō upepeo wake katikati ya ngoma, na tukio hilo limo kwenye filamu mpaka leo. Wote wawili walifariki 1903. Mwaka 2009 Japani iliitangaza kuwa urithi muhimu wa utamaduni, filamu ya kwanza kupewa hadhi hiyo. Ilistahili kabisa.

Kuzitunza filamu kama hizi ni kazi nyeti. Mkanda wa naitreti, aina ya mkanda wa filamu za zamani, hunywea kadiri unavyozeeka; vitundu vya pembeni haviendani tena na meno ya mashine, na ukiulazimisha unachanika. Hukaguliwa kwanza kwa mkono, kisha hunakiliwa picha moja moja.

Halafu kuna kasi. Kilichopigwa kwa picha 16 kwa sekunde ukikionyesha kwa 24, dakika tatu huwa mbili. Mie, pale mwigizaji wa kabuki anapoganda macho kayatumbua, inapita kabla hujaiona.